Unakaa Wapi? Hotuba ya Uani, Mji wa Kale, Mombasa

(Maneno haya niliyasema jioni moja mbele ya mafundi, wanafunzi wa usanifu majengo na majirani, uani mwa nyumba moja nyuma ya Ndia Kuu. Wengi walikosa nafasi wakaomba yaandikwe. Picha nilizoonyesha nimeziacha. Yaliyobaki ni kama yalivyotoka, isipokuwa pale niliporopoka.)

Assalaam aleikum. Hamjambo wazee wangu, hamjambo mafundi, hamjambo wanafunzi mliokuja na madaftari. Nyinyi wa kule juani, sogeeni huku. Kivuli cha ukuta huu kinatutosha sote, na aliyeujenga alijua saa hizi kitaangukia wapi.

Nimeombwa nizungumzie falsafa ya usanifu majengo. Nilipomwambia jirani yangu mmoja, mama anayeuza mahamri, akaniangalia hivi, akasema: "Falsafa ya nyumba? Nyumba si kodi?" Nilicheka. Halafu nikarudi nyumbani nikakosa jibu.

Basi tuanze mbali kidogo. Umekutana na mtu kwenye feri ya Likoni, mmezungumza, mazungumzo yamenoga, kabla hamjaachana utamuuliza nini? Humuulizi unalala wapi. Humuulizi nyumba yako ina vyumba vingapi. Unamuuliza: unakaa wapi?

Kukaa. Nataka jioni hii tulishike neno hilo moja tu.

Mgeni akifika unamwambia, "Karibu ukae," yaani aketi. Ukimuuliza unakaa wapi, unataka kujua anaishi wapi. Fundi wa rangi akiutazama ukuta wenye unyevu atakwambia, "Rangi hapa haikai," yaani haidumu. Na fundi wa nguo akikugeuzageuza mbele ya kioo atasema, "Hii kanzu imekukaa," yaani imekupendeza, imekuwa kama umezaliwa nayo. Kuketi, kuishi, kudumu, kupendeza. Neno ni hilo hilo.

Sasa nyinyi wanafunzi, mwaka wa kwanza mnakaririshwa Vitruvius, yule Mrumi wa zaidi ya miaka 2000 iliyopita. Anasema jengo liwe imara, lifae kwa matumizi yake, na lipendeze. Mambo matatu, Mrumi akayatafutia maneno matatu. Fundi wa Kibokoni, mtaa wetu wa hapa Mji wa Kale, analo moja, na analitumia tangu hajaanza kung'oka meno ya utotoni. Sisemi wazee wetu walimsoma Vitruvius. Nasema tunakwenda kuazima sukari kwa jirani hali gunia liko jikoni.

Mwaka 1951 kule Darmstadt, Ujerumani, nchi imebomolewa kwa vita na watu hawana nyumba, mwanafalsafa Martin Heidegger aliwahutubia wasanifu. Mtu huyu ana doa ambalo halifutiki, maana alijiunga na chama cha Nazi mwaka 1933, na ukimsoma ulikumbuke hilo. Lakini siku ile aliuliza swali zuri: je, kujenga nyumba nyingi ndiyo kukaa? Akachimba lugha yake, akasema neno lao la kujenga hapo zamani lilimaanisha kukaa, na kwamba watu wamelisahau. Alichimba kweli kweli maskini. Angezaliwa Kibokoni kazi ingempungukia.

Ndugu zangu, tuanze na kukaa kwa kuketi, maana ndiko kunakosahaulika zaidi.

Mgeni amefika mlangoni. Akae wapi?

Hilo ndilo swali nyumba ya Kiswahili inalijibu kabla ya jingine lolote. Kabla ya kitanda, kabla ya jiko. Ukuta unarudi ndani kidogo, linapatikana daka, na huku na huku kuna baraza za mawe zilizopigwa chokaa, kimo chake kama goti la mtu mzima. Zipapase zile zilizobaki. Ukingo wa mbele umelainika kama sabuni iliyotumika, kwa makalio ya watu ambao sasa wako makaburini. Asubuhi jiwe lile ni baridi. Mchana lina kivuli cha nyumba ya mbele, kwa sababu kichochoro ni chembamba. Hakuna aliyelipa umeme.

Mgeni anabisha hodi, anakaa. Mwenye nyumba anatoka. Kahawa inakuja. Mtu anaweza kukujua miaka thelathini, mkazikana, mkaozeshana, na asivuke daka hilo, wala asihisi amebaguliwa. Mwingine anaingia mpaka sebuleni. Mwingine, jamaa wa damu, anapita mpaka ndani. Na mlango wa nyumba ya pili, kama mjenzi alikuwa na adabu, hautazamani na wako. Umesogezwa kidogo, ili ufunguapo jirani asijikute anatazama chakula chako.

Nawauliza wanafunzi: katika mchoro wenu wa leo, baina ya barabara na kitanda kuna hatua ngapi? Kuna geti la chuma. Kisha kuna kitanda. Sivyo? Mgeni ama yuko nje kabisa, anazungumza nawe kupitia nondo kama mmoja wenu kafungwa, ama yuko ndani kabisa, amekaa juu ya nguo za kufuliwa. Hakuna katikati. Na mambo mengi ya watu ni ya katikati.

Nilipokuwa mtoto nilitumwa dukani nikanunue mchele. Nikabakisha chenji, nikala ubuyu. Kutoka dukani mpaka nyumbani ni baraza sita. Nilipofika, nimefuta mdomo vizuri, bibi yangu akaniuliza: "Ubuyu ulikuwa mtamu?" Habari ilifika kabla yangu, na mimi nilikuwa nakimbia! Mwandishi wa New York, Jane Jacobs, ambaye hakusomea usanifu hata kidogo, mwaka 1961 aliwafokea wapanga miji wa Marekani kwamba mtaa hulindwa na macho ya watu wake, wenye duka, waketio ngazini, wachunguliao dirishani. Wakamwona amegundua jambo. Na kweli aliligundua, kwa sababu kwao lilikuwa linabomolewa mtaa baada ya mtaa. Kwetu tumeyaondoa macho ya bure, tukafunga kamera.

Na lioneni neno lenyewe. Chifu akiita watu, anaita baraza. Mawaziri wakikutana, ni Baraza la Mawaziri. Kumbe serikali nzima imekaa juu ya kiti cha mawe cha mbele ya nyumba ya mtu.

Najua dada zangu mnanitazama. Na sisi? Mnayo haki. Baraza ilikuwa ya wanaume, na hizo hatua ninazozisifu zilikuwa pia kufuli. Sitaipaka sukari. Lakini tembeeni hapa saa kumi na moja jioni mwone nani yuko barazani: akina mama, karai ya viazi inachemka, bakuli la ukwaju pembeni. Mjenzi hakuwawekea wao. Wameitwaa. Jiwe halikulalamika.

Haya, tuje kwenye kukaa kwa kudumu. Hapa nina kisa changu mwenyewe, na ni kisa cha aibu.

Nyumba ya bibi yangu ni ya mawe ya matumbawe na chokaa. Baada ya yeye kufariki, sisi wajukuu wenye vyeti tukaona kuta zimechakaa, chokaa inamomonyoka kidogo kila mvua za masika. Tukachanga. Tukaita fundi, tukamwambia piga simiti nyumba nzima, ndani na nje, ing'ae. Ikang'aa, ikang'aa kweli. Tulipiga picha. Mwaka wa pili rangi ikaanza kuvimba malengelenge. Ukiyabonyeza yanamwaga kitu cheupe kama unga wa muhogo, ukionja ni chumvi. Mwaka wa tatu kipande cha ukubwa wa meza kikaporomoka usiku, na jiwe lililokuwa nyuma yake lilikuwa limelowa kama sifongo.

Tukamtafuta mzee mmoja fundi wa chokaa. Alikuja na mwiko tu. Hakusema neno. Akaanza kugonga ukuta kwa mpini wa ule mwiko, akitega sikio, kama daktari. Ko, ko, ko. Kisha akafika pahala: bo. Akanitazama. Ko, ko, bo, bo. Alizunguka nyumba nzima hivyo. Mwisho akasema: "Ukuta huu ulikuwa ukipumua. Mmeuvika koti la mvua, sasa unatokwa jasho ndani."

Na ndivyo ilivyo, mafundi mlioko hapa mnajua. Tumbawe lina vitundu, linanyonya maji ya chini na unyevu wa bahari pamoja na chumvi yake. Chokaa inayaachia maji yatoke. Simiti ni ngumu kuliko jiwe lenyewe, inayafungia. Maji hayana pa kwenda, yanapanda, yanafikia vichwa vya boriti za mkoko ndani ya ukuta, na mkoko uliokaa miaka mingi unaoza katika michache. Chokaa ile tuliyoidharau kwa kumomonyoka, kumomonyoka ndiyo kazi yake. Inajitoa yenyewe ili jiwe libaki, na kila baada ya masika kadhaa unaipiga upya.

Hapo ndipo nilipoelewa kwamba kuna fikra mbili za kudumu, na zinapigana katika kila nyumba ya mji huu. Moja inasema: jenga mara moja kitu kigumu, uondoke. Nyingine inasema: jenga kitu kitakachokuhitaji urudi. Matumbawe hupangwa juu ya magogo, yakachomwa, chokaa ikaachwa ilowe na kutulia miezi mingi kabla ya kutumika. Nani leo ana miezi? Mwenye nyumba anataka wapangaji ifikapo Januari. Mimi simlaumu, ana mkopo. Ila tusiseme simiti inadumu zaidi bila kuuliza inadumu juu ya nini. Juu ya bloku za simiti, haya. Juu ya tumbawe ni kuua mzazi.

Na mnajua simiti yenyewe yatoka wapi? Pale Bamburi, tangu mwaka 1954, wanachimba mawe ya matumbawe ya kale yaliyo nchi kavu, wanayachoma. Tumbawe lile lile! Limechomwa kwa moto mkali zaidi, likachanganywa, likatoka halimtambui ndugu yake.

Tukiwa kwenye kudumu, inueni macho mtazame kule, Ngome ya Yesu. Wareno walianza kuijenga mwaka 1593 kwa mchoro wa Mwitalia, Giovanni Battista Cairati. Ukiitazama kutoka juu ina kichwa, mikono na miguu, kwa sababu wasomi wa Ulaya wa zama zile waliamini vipimo vilivyo kamili vimo katika mwili wa mwanadamu. Ni falsafa tupu ile, imesimama pale mdomoni mwa bandari ya kale na mizinga.

Sasa angalieni kilichotokea. Mwaka 1698, baada ya kuzingirwa tangu 1696, Waomani wakaitwaa. Baadaye juu ya pembe moja ya ngome hiyo wakajenga nyumba ya kukaa, nyumba kabisa, na upepo wake wa bahari. Mwaka 1895 Waingereza wakaigeuza jela. Mwaka uliofuata, 1896, kule Marekani, msanifu Louis Sullivan anaandika kanuni iliyokuja kuimbwa dunia nzima: umbo daima hufuata kazi. Nadhani hakuwa na habari za Mombasa. Hapa umbo lilikaa pale pale, kazi ndiyo iliyokuwa ikija na kuondoka: kambi, nyumba, jela, na tangu 1962 makumbusho, watoto wa shule wanapanda mizinga wapigwe picha. Jengo halikufuata chochote. Sisemi Sullivan kakosea katika alichokuwa akijenga yeye, maghorofa ya biashara. Nasema msanifu anayechora chumba kikae kazi moja tu milele, ametia chumba hicho kwenye foleni ya kubomolewa.

Kuhusu kupendeza sitakaa sana, maana huko kila mtu ana maneno. Kuna Adolf Loos wa Vienna, mwanzoni mwa karne ya 20, aliyelinganisha mapambo na uhalifu: jasho la fundi linapotea, mtindo unapita, kitu kinatupwa. Nikipita mbele ya zile nyumba mpya zenye nguzo za Kiyunani za plasta zisizobeba hata ndege, namwelewa. Nikisimama mbele ya mlango wa nakshi namwona mpumbavu. Tofauti iko wapi? Mimi narudi kwa fundi wa nguo: imekukaa, haikukukaa. Nguzo zile ni nguo ya kuazima, mabega yanapwaya. (Na mnisamehe wanaotembeza watalii: nusu ya hadithi mnazowasomea kwenye nakshi za milango, mimi siziamini. Ila hadithi ni nzuri, endeleeni.)

Sasa nije pale ninapopaogopa. Kukaa kwa kuishi.

Babu yangu alipofariki, bibi alikaa eda. Mnaona? Tunasema kukaa eda, hatusemi kufanya eda. Miezi minne na siku kumi ndani ya nyumba. Nilikuwa mdogo, na ninavyokumbuka mimi, hakufungwa. Nyumba ile ilikuwa na kiwanda katikati. Wanafunzi msicheke, kiwanda kabla ya kuwa cha mashine kilikuwa uwanja wa ndani ya nyumba, ulio wazi juu. Bibi alikuwa na mbingu yake pale. Alianika godoro. Alikuwa na mwasmini kwenye debe. Mvua ilimnyeshea akitaka inyeshe. Wanawake waliingia kwa mlango wa uani, wakakaa naye, wakasaga, wakalia, wakasengenya, na wakati huo huo wanaume wako barazani na kahawa zao, kila upande unasikia upande wa pili upo bila kuonana. Nyumba ilikuwa imeshafikiria siku ile. Ilijua kwamba katika kila nyumba ipo siku mtu atafiwa.

Miaka michache iliyopita shangazi yangu naye akafiwa. Anakaa ghorofa ya nne, vyumba viwili, jengo jipya, vigae vinang'aa, lifti haifanyi kazi. Wanawake walijaa sebuleni, waliozidi wakakaa kwenye ngazi, mmoja juu ya mwingine, wapangaji wengine wakiwaruka na ndoo za maji. Wanaume hawakuwa na pa kukaa, maana hakuna njia ya kuingia isiyompitia yeye. Wakasimama chini, kwenye maegesho, karibu na mitungi ya gesi, wanazungumza na simu. Dirisha lake la pekee lenye hewa ni la jikoni, na linatazama mabomba ya choo ya jengo la pili. Ukinyoosha mkono unayashika. Miezi minne na siku kumi. Siku ya kutoka nilimuuliza shangazi, vipi hali? Akaniambia: "Mwanangu, nimekaa eda ndani ya kabati."

Jengo lile lina kibali. Vipimo vyote vimetimia. Lina uimara, sijui kama lina uzuri. Na ndani yake mtu hawezi kufiwa.

Naona wazee mnatikisa vichwa, mnataka niseme turudi nyumba za kale. Sisemi. Vyumba vile vyembamba virefu vya mawe, karibu mita 3 kwa upana na pengine pungufu, havikutoka kwa hekima. Vilitoka kwa mkoko. Boriti yake haikuweza kubeba dari pana zaidi ya hapo, basi. Zege imetupa uhuru wa kufanya chumba upana tuutakao. Na tumeufanyia nini uhuru huo? Kumi kwa kumi! Futi kumi kwa futi kumi, mita 3 ile ile, bila kiwanda.

Na ya kale yakirudishwa vibaya nayo yanaumiza. Hassan Fathy, Mmisri, katika miaka ya 1940 alipewa kazi ya kujenga kijiji kipya cha Gourna, karibu na Luxor, ahamishie watu waliokuwa wakikaa juu ya makaburi ya kale. Mtu mwema, msanifu hodari. Alikataa zege, akajenga kwa matofali ya udongo, akawaleta mafundi Wanubi waliojua kuezeka kuba bila mbao. Kijiji kikatoka kizuri, bado kinapigwa picha. Watu wa Gourna wengi wakakataa kuhamia. Riziki yao ilikuwa kule juu ya makaburi, hilo moja. La pili ni lile kuba. Kwao kuba ni la kaburi. Fathy aliwajengea kwa upendo, na wao wakaona wanaambiwa wakalale makaburini. Aliwauliza mengi, sikatai. Ila sisi wa pwani, mtu akituwekea kuba juu ya kitanda, si tungemwambia siku ya kwanza?

Muda umekwisha, naona maghribi inakaribia. Nimalizie na kijana mmoja aliyeko hapa, simtaji, asije akakosa kazi. Alinionyesha mchoro wake, ghorofa sita upande wa bara, vyumba ishirini na nne vya kupangisha. Nikamuuliza swali letu lile: mgeni amefika, akae wapi? Akanyamaza. Wiki iliyofuata akarudi. Katika kila ghorofa, pale ngazi inapopinda, amesogeza ukuta nyuma kiasi cha dhiraa moja na nusu, ameweka baraza ya zege kimo cha goti, na juu yake tundu la matofali ya kupitisha upepo. Watu wanne wanakaa. Ukiwa na msiba, ghorofa nzima ina pahala pa kusimamisha buli la kahawa.

Akaupeleka mchoro kwa mwenye kiwanja. Mwenye kiwanja akaweka kidole juu ya ile baraza, akauliza: "Hii nayo inalipa kodi gani?"

Kijana amekuja kwangu na swali hilo, na mimi nimekuja nalo kwenu. Ana mkutano naye Jumatatu. Chai iko pale, mahamri ni ya yule jirani yangu. Mwenye jibu asiondoke kabla hajamwona kijana; amekaa pale barazani, mwenye shati la buluu.